Hemi ni Kizio, Shangazi

Shangazi,

Neno lile sikulijua. Sijamwambia mtu jambo hili, si Sauda, si Baba, wala rafiki yangu yeyote wa shule. Nakwambia wewe kwanza kwa sababu wewe ndiye uliyeniuliza. Ulinipa karatasi ya hospitali nikusomee, nami nikakusomea kana kwamba najua. Sikujua. Nilikisia.

Shikamoo. Nimeanza bila salamu, na najua ungenirudisha mlangoni niingie upya. Basi nimerudi, nimebisha hodi. Shikamoo, Shangazi.

Naandika leo kwa sababu ya jambo alilolisema binti yako jana. Mama Mwajuma wa nyumba ya nyuma alikuja kumwona mtoto, wakakaa barazani, nami nilikuwa chumbani na madaftari yangu. Mama Mwajuma akasema, "Mama yako naye alikuwa mkaidi, Mungu amrehemu. Angekwenda mapema." Sauda akamkatiza. Akasema, "Hakuwa mkaidi. Alikuwa ananisubiri mimi nijifungue. Mimi na tumbo langu ndio tuliomchelewesha." Aliyasema polepole, kama mtu aliyeyarudia maneno hayo mara nyingi akiwa peke yake. Mama Mwajuma akasema astaghfirullah, usijitie maneno hayo mwanangu. Mimi nilikuwa nyuma ya pazia, kalamu mkononi, na sikutoka.

Hukuwa ukimsubiri Sauda. Najua ulichokuwa ukikiogopa, kwa sababu mimi ndiye niliyekupa.

Kabla sijafika huko nikueleze hali ya nyumbani, maana hukupenda mtu aruke habari. Sauda amehamia hapa Mapinga tangu arobaini yako. Mumewe huja Alhamisi na Ijumaa. Mtoto alizaliwa wiki mbili baada ya maziko, ni wa kike, na amepewa jina lako. Lakini hatuwezi kulitaja jina hilo bila mtu mmoja kunyamaza, kwa hiyo tunamwita Bibi. "Bibi amelala." "Bibi amejikojolea." Ungecheka. Kuku tumebakiza banda moja. Kile kiwanja cha mbele kimejengewa ukuta mrefu, hatuoni tena barabara, tunasikia tu magari. Wateja wako bado wanapiga simu, na mmoja hajui mpaka leo, akipiga husema, "Mama Sauda?" na Sauda huitikia, "Naam." Hamsahihishi. Anamwambia bei, anamwambia aje saa ngapi, anakata.

Sasa ile siku.

Ulikuwa umerudi kutoka hospitali kubwa mjini jana yake. Ulikwenda peke yako, kwa sababu Sauda alikuwa na mimba ya miezi mitano na ameambiwa apumzike, na mimi nilikuwa na mtihani. Kwa miezi mingi ulikuwa ukichoka. Viganja vyako vilikuwa vyeupe. Zahanati walikupa vidonge vya kuongeza damu, damu ikapanda, ikashuka tena, ndipo wakakuandikia uende mjini. Huko walikupima kwa ule mpira wenye kamera, na ulipotusimulia ulivyolazwa ubavu, na yule daktari kijana alivyokuwa akikuita "mama, legeza, mama, legeza," tulicheka mpaka ukashika kiuno.

Ilikuwa Jumamosi. Ulikuwa uani, umekaa kwenye kigoda, beseni la maji ya moto upande mmoja na ndoo upande mwingine, unatengeneza kuku sita wa yule bwana wa kile kiwanja cha mbele, ambaye kila akiagiza husema, "Mama Sauda, nitolee utumbo kabisa, nikifika ni jikoni tu." Ukaniita.

"Bi Kamusi! Njoo. Mikono yangu michafu. Fungua pindo la kanga hapo, toa hiyo karatasi, unisomee wanataka kunifanya nini."

Nikakuuliza kama daktari hakukueleza.

"Amenieleza. Lakini alipotaja kisu tu masikio yangu yakaziba. Nikabaki kuitikia, ndiyo daktari, ndiyo daktari, kama bibi harusi anaulizwa na sheikhe."

Nikafungua karatasi. Ilikuwa kwa Kiingereza, kwa mwandiko wa haraka. Mengine niliyasoma. Jina lako, umri wako, damu yako iko ngapi. Kisha mstari uliosema upasuaji watakaokufanyia, na neno lenyewe, ambalo naliandika hapa kama linavyosikika: hemikolektomi. Mbele yake wameandika kulia.

Ningeweza kusema, "Shangazi, neno hili silijui." Maneno manne. Nimeyahesabu mara nyingi. Lakini wewe ulikuwa umeniangalia kwa uso ule, uso unaowaonyesha wateja unapowaambia, "Huyu mtoto wa kaka yangu, usimwone kimya, kameza kitabu." Mimi sina kingine, Shangazi. Sijui kuimba wala kucheza mdako, na wageni wakija siwezi kuongea nao. Kitu pekee ninachojulikana nacho ni kwamba nikipewa neno nalijua. Nikaona haya kulikosa mbele yako.

Basi nikalikata vipande kama tunavyofundishwa. Mwisho wake, ektomi, nilikuwa naujua, kwa sababu kuna mwenzetu darasani alitolewa kidole tumbo na jina la upasuaji wake linaishia hivyo hivyo. Ni kukata kitu na kukitoa. Kol, hiyo ni kolon, utumbo mpana, tulikuwa tumeshausoma. Ikabaki hemi. Nikatazama juu, nikakumbuka himoglobini kwenye somo la damu. Na damu yako ilikuwa imepungua. Yote yakalingana. Nilifurahi. Hapo ndipo panaponitesa kuliko pengine pote: nilifurahi kama mtu aliyepata jibu kwenye mtihani.

Nikasema, "Ni kutolewa utumbo, Shangazi. Utumbo wenye damu."

Hata ule "mpana" niliuacha. Niliona unarefusha maneno.

Mkono wako ulikuwa ndani ya kuku. Ukauvuta, vyote vikaja kwenye kiganja chako, vinateleza, vinatoa mvuke. Ukaviangalia. Ukaniinulia.

"Kama hivi?"

Nami nikasema, "Ndiyo."

Hilo ndilo ambalo sijamwambia mtu. Si ule ukisiaji. Ukisiaji mtu anaweza kusamehewa. Ni ile ndiyo. Nilikuona usoni, nikaona kitu kimeshuka, na nilikuwa na nafasi ya kusema "sina hakika," lakini nikaogopa kwamba nikisema sina hakika utajua sikuwa na hakika tangu mwanzo.

Ulicheka. Ukasema, "Haya, wakimaliza wanitie na limao." Ukavitupa ndooni. Kisha ukasema bila kucheka, "Mimi si kuku wa oda." Ukanawa, ukaikunja ile karatasi kwa vidole viwili, ukanirudishia. "Iweke huko kwenye vitabu vyako. Na Sauda asijue, ana mimba yule, atajitia presha." Jioni Sauda alipopiga simu ulimwambia daktari amesema urudi ukizidiwa. Nilikuwa nimekaa pembeni yako. Nilikuwa nakuna mguu wangu, nakumbuka, mahali pasipowasha.

Miezi minne ikapita hivyo. Uliwaambia watu ni chango tu, chango la siku nyingi, na kweli wakakuletea mizizi ya chango kutoka kila upande, ukaichemsha, ukainywa huku umefunga macho. Kanga zilianza kukuzunguka mara mbili. Nami nilisoma kitabu changu. Nilijiambia daktari ndiye mwenye kazi ya kukuita. Nilijiambia wewe ni mtu mzima. Nilijiambia mengi.

Kuna jioni moja hukuwahi kuisema tena, wala mimi. Tulikuwa jikoni, wewe umekaa juu ya mbuzi unakuna nazi. Ukaniuliza, bila kuinua kichwa, "Hivi Hawa, mtu akishatolewa utumbo, chakula kinapita wapi?" Hukuniita Bi Kamusi. Uliniita jina langu. Na mimi nikakisia tena. Nikasema, "Labda wanaweka mpira."

"Mpira," ukasema. Ukakuna mpaka ukafika kwenye kifuu. Kisha ukanyoosha mkono. "Nipe hicho kizio kingine."

Nikakupa.

Siku uliyozidiwa nilikuwa shule. Nilikuta nyumba imefungwa na Mama Mwajuma ananisubiri na ufunguo. Tumbo lilikuwa limejaa kama ngoma, umetapika usiku kucha na hukutuamsha, gari limekupeleka mjini. Walikupasua siku hiyo hiyo, kwa haraka. Sauda alikaa kwenye benchi na tumbo lake la miezi tisa, amevua viatu, miguu imevimba.

Niliruhusiwa kukuona kesho yake. Ulikuwa umelala, na kwenye jalada lililoning'inia miguuni pa kitanda niliona neno lile lile. Ilikuwa mara ya kwanza kuliona tangu siku ya kuku. Kulikuwa na nesi wa zamu ya asubuhi, mama mnene mwenye sauti ya chini. Sijui nilipata wapi ujasiri; nadhani ni kwa sababu alikuwa amenipa mgongo.

Nikamwuliza, "Samahani, shikamoo. Hemi ni damu?"

Akageuka. "Marahaba. Damu? Hapana, mwanangu, damu ni himo. Hemi ni nusu. Hujasoma Jiografia wewe?"

Akanichorea kwa kidole juu ya shuka. Utumbo mpana, akasema, umekaa kama fremu ya mlango: unapanda upande wa kulia, unakatiza juu, unashuka upande wa kushoto. Utumbo mwembamba, ule mrefu, umejikunja katikati. Kwako uvimbe mbaya ulikuwa kulia. Wamekata nguzo ile ya kulia, wamechukua mdomo wa utumbo mwembamba, wameuunga na sehemu iliyobaki. "Basi," akasema. "Mtu akipona anakula ugali wake na anakwenda shambani. Nilikuwa na baba mmoja hapa alirudi mwaka wa pili kuleta mahindi."

Nikamshukuru. Nikaenda chooni, nikasimama humo na bomba limefunguliwa.

Siku ya tatu uliamka vizuri. Ulimwuliza Sauda kama amekula, ulimwuliza nani anawapa kuku maji. Sauda alipotoka kufuata uji, ukanigeukia. Midomo ilikuwa imekauka.

"Wamenitoa wote?"

"Hapana, Shangazi. Nusu ya ule mpana tu. Mwingine wote upo."

"Nusu," ukasema. Ukatazama dari. Kisha ukasema, "Kumbe."

Nimeitafuta kumbe kwenye kamusi. Wameandika ni neno la kuonyesha mshangao. Haitoshi. Kuna kumbe ya mtu aliyefurahi, na ya mtu aliyegundua ameibiwa, na kuna ile ya mtu anayesema tu, aa, kumbe ndivyo dunia ilivyo. Sijui yako ilikuwa ipi. Nilikuwa nimeshika chuma cha kitanda. Nilikuwa nimefungua mdomo niseme, mimi ndiye, nilisoma vibaya, nilisema ndiyo bila kujua. Sauda akaingia na uji. Ukamwambia, "Umeweka sukari kama ya harusi."

Ukaishi siku tatu zaidi.

Daktari alimwambia Sauda kwamba mtu akija mapema, akiwa na nguvu, huwa rahisi zaidi. Akasema pia kwamba hata mapema hakuna ahadi, ugonjwa ule huenda ulikuwa umeshatembea. Maneno hayo ya pili nimeyashika usiku mwingine kama mtu anavyoshika ukuta. Halafu nayaachia. Naona si yangu kuyashika, si mpaka niwe nimesema ya kwanza.

Nimekuwekea neno hili ukurasa mzima kwenye daftari langu, Shangazi. Najua unaweza kusema, sasa linakusaidia nini. Lakini ndivyo nilivyo, na nataka uone kazi yangu.

Watu wa hospitali hulitumia hivi. Wakisema kolektomi, wanaondoa utumbo mpana, wote au sehemu. Wakiongeza hemi mbele, ni nusu yake, na lazima waseme kulia au kushoto, kama vile mtu hawezi kukuambia "mkono umevunjika" ukaridhika. Ektomi ni maneno ya kale ya Wagiriki, kukata na kutoa nje. Wote hao wakimaliza kukata, utumbo mwembamba bado uko palepale. Hata mtu aliyeondolewa utumbo mpana wote bado ana utumbo. Wao wana jina la kila kipande. Sisi katika mazungumzo tunao utumbo, mmoja, wa kuku, wa mbuzi, wa supu ya asubuhi, wa mtu. Hata shuleni wavulana wakiona mtu anasema upuuzi wanamwambia, "Acha utumbo wewe." Kila wakisema nainama.

Na kutoa. Nimeliandikia kutoa nusu ukurasa. Tunatoa sadaka, tunatoa salamu, lakini likiingia ndani ya mwili neno hili halina huruma: wanatoa jino, wanatoa mimba, malaika anatoa roho. Kukata nako si afadhali, maana anayekufa tunasema amekata roho. Vitabu vinasema kuondoa, na nadhani kuondoa ni bora kidogo, kunaacha mtu amebaki. Lakini hakuna hata neno moja kati ya hayo ambalo lingekufikia wewe pale kwenye kigoda.

Kilichonipata ni hiki. Yule nesi aliposema Jiografia, nilikumbuka mara moja. Dunia wanaigawa mbili, na kwa Kiingereza kila nusu jina lake linaanza na hemi. Mwalimu alituambia kwa Kiswahili nusu hiyo inaitwa kizio. Kizio cha kaskazini, kizio cha kusini. Niliandika daftarini, nikapata vema, na sikuwahi kufikiri kwamba hao wa dunia walilichukua neno hilo kwetu jikoni. Nazi ikipasuliwa ni vizio viwili. Umeniambia mara elfu: nikopee kizio kwa Mama Mwajuma, kizio kimoja kinatosha wali huu, kizio hiki kimeoza kitupe hiki kingine kizima. Ulilitaja jioni ileile uliponiuliza chakula kinapita wapi. Neno lilikuwa mkononi mwangu, lina maji yake, na nikakupa ukalikuna.

Kama ningekuwa nimekuambia, "Shangazi, utumbo wako mpana una kizio kibovu, wanataka kukitoa wabakize kizima," ungeniuliza tu siku gani. Nakujua. Usingeweza kuitupa nazi nzima kwa sababu ya upande mmoja.

Wiki iliyopita mwalimu wa Baiolojia alituchorea njia ya chakula, tukaitwa mmoja mmoja ubaoni kuandika majina. Niliandika yote. Darasa likapiga makofi. Nilirudi mahali pangu na chaki mkononi, nikasahau kuirudisha.

Shangazi, nakuomba msamaha. Sijui kama ombi hili lina mlango huko uliko. Nimekuombea dua kila baada ya sala, lakini katika dua sikulitaja hili. Nilikuwa namwomba Mungu akusamehe wewe, kana kwamba wewe ndiye uliyekosa.

Ninakuahidi mambo mawili. Nikiulizwa neno nisilolijua, nitasema silijui, hata nikiulizwa na mtu ninayempenda, hasa nikiulizwa na mtu ninayempenda. La pili ni Sauda. Uliniambia asijue kwa kuwa ana mimba, na mimi nilijificha ndani ya agizo lako hata baada ya mimba kuwa mtoto. Nitamwambia. Sijui kwa maneno gani, ila sitayarefusha wala sitayafupisha.

Pumzika, Shangazi yangu. Mungu akulaze panapokupendeza, akupe kivuli na maji, akukutanishe na wazazi wako. Nasikia geti. Wanarudi kutoka kliniki.

Hawa

Jumapili

Nilidhani nimemaliza, lakini naongeza, maana nilikuahidi na ni haki yako kujua.

Siku ile ya Alhamisi nilipoandika haya sikusema. Ijumaa shemeji alikuwepo. Jana asubuhi Sauda alikuwa amekaa mkekani uani, mtoto amelala mapajani, nikaenda na ile karatasi. Nilikuwa nimeificha ndani ya kitabu cha Baiolojia mwaka mzima karibu. Nikamwambia, "Dada, hii ni karatasi ya Shangazi ya mara ya kwanza. Walimwandikia upasuaji tangu siku ile. Hakuambiwa arudi akizidiwa."

Akaichukua. Akaigeuza, akanirudishia. "Mimi sijui Kiingereza hiki cha madaktari. Soma."

Nikasoma. Safari hii nilisoma kila neno, na yale mawili nisiyoyajua nilimwambia siyajui. Kisha nikamweleza yote: kuku, mkono wako, "kama hivi," na nilivyosema ndiyo. Nikamweleza na mpira.

Akaniuliza, "Kwa hiyo hakuwa ananisubiri mimi?"

"Hapana."

"Alikuwa anaogopa."

"Alikuwa anaogopa kutolewa vyote. Mimi ndiye niliyemwambia."

"Na wewe ulijua lini kwamba si vyote?"

"Hospitali. Kesho yake, baada ya kupasuliwa."

"Na ukanyamaza. Nimelia miezi mitano humu ndani, Hawa, unanisikia, na ukanyamaza."

Nikasema ndiyo.

Akanipa mtoto. Hakunipa kwa wema, alinipa kwa sababu alitaka kusimama. Akaenda nyuma ya banda la kuku. Nilimsikia analia, na ilikuwa sauti tofauti na ile niliyoizoea, ilikuwa kubwa, haijali majirani. Mtoto akaamka akalia naye. Nilimtembeza kutoka mlangoni hadi kwenye ukuta, kutoka kwenye ukuta hadi mlangoni, mpaka akanyamaza.

Sauda aliporudi alikuwa amenawa uso. Akamchukua mtoto. Nikaanza kusema, "Dada, naomba uni—"

"Leo siwezi," akasema. "Usiniombe leo."

Nikasema sawa.

Akakaa, akamnyonyesha. Baada ya muda akasema bila kuniangalia kwamba vyombo vya jana vimelala na maji, vitanuka. Nikachukua sabuni, nikavuta beseni, nikaviosha vyote.